Kama Mwenzangu Anataka

3 Februari

Mdogo wangu,

Salamu zikufikie wewe, wifi na watoto. Huku mimi ni mzima, ila jengo letu linapakwa rangi na wiki nzima nimelala madirisha wazi, nikikohoa kama injini ya zamani. Mwambie mkubwa wenu ile picha aliyonichorea nimeibandika kwenye kabati la kazini. Watu wanauliza kama ni mbuzi au pikipiki. Nimewajibu kwamba msanii hahojiwi.

Nakuandikia badala ya kupiga simu kwa sababu ndivyo tulivyokubaliana. Simu zetu mbili za mwisho, moja ulikata wewe na nyingine nikakata mimi. Kwenye karatasi angalau mtu anafika mwisho wa sentensi.

Habari kubwa ya huku ni kwamba nimetolewa chumba cha habari. Sijafukuzwa. Baada ya miaka yote ya mafuriko, chaguzi na kesi za mahakamani, wameniita ofisini wakaniambia wanahitaji mtu "mwenye sikio" kwa ajili ya kipindi kipya. Kwa lugha ya ofisi hiyo, maana yake ni kwamba wanaona miguu imeshachoka.

Kipindi kinaitwa Chumba cha Pili. Kimebuniwa na kijana tunayemwita Profesa kwa sababu ya miwani. Hajawahi kufundisha hata chekechea. Kinakwenda hivi. Tunawachukua watu wawili wanaoishi au kufanya kazi pamoja na kuwapiga picha wakizungumza mambo yao ya kawaida. Baadaye kila mmoja anaingia peke yake kwenye chumba kingine, anaonyeshwa mazungumzo yaleyale, na ana kitufe. Akifika mahali ambapo alisema hivi na moyoni alikuwa na vile, anabonyeza, picha inasimama, anaeleza. Hakuna mtangazaji, hakuna muziki, hakuna mtaalamu wa kutufafanulia ndoa za watu. Na hakuna anayejua mwenzake alieleza nini mpaka siku kipindi kinaporushwa. Wanakitazama kwao, kama watu wengine.

Wa kwanza walikuwa vinyozi wawili wanaogawana duka. Jioni mmoja anamuuliza mwenzake, "Umeshafunga?" Mwenzake anajibu, "Nafunga." Basi, ni hayo tu. Kwenye chumba cha pili, aliyeuliza akasema alitaka watoke pamoja ili amweleze kwamba mke wake amelazwa. Aliyejibu akasema alijisikia anachungwa kama mwizi. Walikuwa hawajaongea vizuri tangu jioni hiyo, na kila mmoja aliamini mwenzake ndiye aliyeanza.

Sasa neno lenyewe. Nataka Mama na Baba waingie kwenye kipindi. Mimi na wewe tumekulia ndani ya ile "mwambie baba yako", "muulize mama yako", wao wamekaa meza moja na sisi katikati tukipeleka maneno kama matarishi, hatua moja huku, hatua moja kule. Hawakuwa wamegombana. Ndiyo adabu yao. Mgeni hawezi kuelewa, na Profesa nilipomsimulia alivua miwani.

Jambo la pili. Mama aliniambia anagawa vyungu vyake vya maua. Nilipomuuliza kwa nini, akasema nikuulize wewe. Kuna nini huko?

Dada yako


27 Februari

Dada,

Barua yako imefika na salamu tumezigawana. Mchoraji amesema ni pikipiki na kwamba hata asiyeona angejua. Mdogo wake ameota jino lingine, na wifi yako anakuuliza kama bado unakula mkate mkavu umesimama. Mimi kazi zipo. Joto limekuwa kali, kwa hiyo friji za watu zinakufa kwa zamu, na karakana imejaa mpaka nafanyia kazi nyingine nje.

Kuhusu kipindi, mimi sikubali. Wazazi si maonyesho. Baba alichapa vitabu na kadi za watu miaka yote bila kusoma yasiyomhusu, na Mama amewazalisha nusu ya wanawake wa mtaa huu bila kutoa siri ya hata mmoja. Leo uwaweke kwenye televisheni wabonyeze kitufe? Muziki hamna, mtaalamu hamna, basi kuna nini? Watu watadhani chombo kimeharibika.

Kuhusu nyumba, si siri, ni kwamba sikutaka tuanze kwa simu. Mwenye duka la dawa pale kona anaitaka, na wazee wamekubali kumuuzia. Nilimuuliza Baba, akasema kama mama yako anataka, yeye hana neno. Nikaenda jikoni nikamuuliza Mama, akasema kama baba yako ameridhika, yeye hawezi kuwa kikwazo. Kwa hiyo wote wamekubali. Watahamia kwangu, kwenye vile vyumba viwili nyuma ya karakana. Nimebomoa ukuta uliokuwa unaziba dirisha, nimeweka sakafu mpya, na hakuna ngazi hata moja. Saini ni mwishoni mwa Juni.

Usiniandikie kwa hasira. Nyumba ni kubwa kwao na wewe unajua.

Mdogo wako


11 Machi

Mdogo wangu,

Nimefurahi kwa jino. Mwambie wifi kwamba siku hizi nakula mkate nimekaa, ni hatua. Mafundi wa rangi wameondoka wakiacha ngazi yao kwenye korido, na kila asubuhi jengo zima tunapita chini yake tumeinama kama tunaomba radhi.

Barua yako nimeisoma kalamu mkononi, kama ninavyosoma taarifa ya polisi. Natafuta mtu aliyesema anataka kuuza nyumba. Simwoni. Namwona Baba akisema kama Mama anataka. Namwona Mama akisema kama Baba ameridhika. Halafu nakuona wewe ukisema wote wamekubali. Ungeniletea habari ya namna hiyo nilipokuwa mhariri wa zamu, ningekurudisha barabarani kabla hujavua koti.

Rudi ukawaulize. Usimuulize mmoja mwenzake anataka nini. Uliza, "Wewe unataka nini?"

Kuhusu kipindi, nimempigia Mama mwenyewe. Alisema sawa, kama baba yako anataka. Nikaomba kuongea na Baba. Akasema sawa, kama mama yako hana tatizo. Ndiyo, najua. Nilicheka nilipoweka simu chini, kisha sikuona tena cha kuchekesha. Lakini wamekubali kwa namna yao, na nimechukua hiyo namna kama ulivyoichukua wewe. Tunakuja katikati ya Aprili.

Dada yako


30 Aprili

Dada,

Samahani kwa kuchelewa. Ghala la baridi la hospitali lilizimika nikawa huko mpaka likapona, halafu wifi yako akapata homa, halafu barua ikakaa kwenye sanduku la vifaa chini ya koleo. Sasa wote wazima. Mchoraji anakusalimu, amechora gari lenu la televisheni, na safari hii hata mimi nimelitambua.

Nitakuambia nilichoona siku ile, kwa kuwa wewe ulikuwa umeshika karatasi zako na sidhani kama ulikuwa unatazama. Mama alivaa nguo ya harusi za watu. Baba alinyoa mara mbili. Walipokaa mezani, mpiga picha akawaambia waongee kama kawaida, wakakaa kimya, na mimi nikajua hiyo ndiyo kawaida yenyewe ila kijana wa watu hakujua. Akaanza kuhangaika na taa zake.

Baadaye Baba akasema dirisha la juu halifungi vizuri. Mama akamgeukia mpiga picha. "Mwambie atakayehamia atalitengeneza." Mpiga picha akageuka kumwambia Baba kweli, neno kwa neno, yule bwana mdogo, na Baba akampa jibu arudishe. Nilitoka nje nikacheka. Niliporudi walikuwa wanazungumzia nani achukue kabati la vyombo. Baba akasema sawa. Mama akasema sawa. Kabati hakuna aliyelichukua.

Halafu chumba cha pili. Baba mlimpeleka kile chumba cha chini alichokuwa anachapia, Mama mkamweka chumbani. Baba alitoka macho mekundu, akasema ni taa. Mama alikaa huko mpaka chai niliyommiminia ikapoa, nikammiminia nyingine nayo ikapoa. Alipotoka hakunitazama. Aliuliza kama kuna anayejua ilipo miwani yake, na alikuwa ameivaa.

Walisema nini? Wewe ulikuwa nyuma ya ile skrini, ulisikia. Mwenye duka la dawa anapita kila siku kuuliza kama tarehe iko palepale, na mimi ndiye ninayemjibu.

Na jambo jingine, nisije nikaonekana nimelimeza. Ulikuja na gari la kazi na ukaondoka nalo jioni. Baba alikuwa amekutandikia kitanda cha juu.

Mdogo wako


12 Mei

Mdogo wangu,

Pole kwa wifi, na pole na ghala. Nimefurahi hospitali haikupoteza dawa. Kwetu mvua imepiga, lifti imekufa, na jirani wa chini ameanza kujifunza tarumbeta. Ana bidii kubwa.

Kitanda sikujua. Ningejua, sijui ningefanya nini. Gari lilikuwa linahitajika asubuhi.

Siwezi kukuambia walichosema. Nimekaa na mhariri wa picha siku baada ya siku, nimewaona Mama na Baba wakiwekwa ubavu kwa ubavu kwenye skrini moja, kila mmoja na kitufe chake, na nimesikia kila neno. Mhariri ni mwanamke mkavu, amekata picha za ajali na mazishi bila kupepesa. Mahali fulani alisimamisha mashine akatoka kwenda kununua maji, na chupa yake ilikuwa imejaa.

Najua unaona nafanya ujeuri. Nimeshikilia siri za watu mbele ya mahakimu, lakini hii si ile. Sababu ni nyingine. Nikikuambia wewe, utampelekea Mama neno la Baba na Baba neno la Mama, na tutakuwa tumerudi kwenye kazi yetu ya utotoni, safari hii tukiwa na mvi. Wamezungumza na kamera mlango umefungwa. Hawajazungumza na mimi, wala na wewe, na kibaya zaidi hawajazungumza wao kwa wao.

Kipindi kinarushwa katikati ya Julai. Saini yenu ni mwishoni mwa Juni. Nimeomba kipindi kitangulie, wamekataa, ratiba imeshafungwa.

Kwa hiyo nakuomba jambo moja tu. Usiwapeleke kutia saini kabla hujawakalisha pamoja na kuwauliza. Wote wawili, chumba kimoja, bila mtu wa katikati.

Siku hizi nashuka kwenye basi kabla ya kituo changu na kumalizia kwa miguu. Nikifika kazini nikakaa, mikono inatafuta kitu cha kufanya. Jana nilipanga upya droo ya mtu mwingine.

Dada yako


26 Mei

Dada,

Sisi wazima.

Unajua na hutaki kusema, halafu mimi ndiye unayenituma. Hicho ndicho kipindi chako, sivyo? Umekaa nyuma ya skrini, sisi tunabonyeza.

Nikuambie yasiyokuwa kwenye skrini. Mwezi wa kwanza Baba alianguka kwenye ngazi. Sikukuambia kwa sababu alinikataza, na kwa sababu ungepanda basi, ungekuja na maswali, ungeondoka. Hakuvunjika, alichubuka. Tangu hapo kila jioni nikifunga karakana navuka mji kwenda kuwapandisha ngazi, mmoja mmoja, kukagua kama jiko la gesi limezimwa, kufunga madirisha, kisha narudi nyumbani watoto wameshalala. Siku mbili gesi nimeikuta wazi. Mama alikuwa mkunga, mikono yake haijawahi kusahau kitu, na nimeikuta wazi. Nilizima nikafungua madirisha, nikawaambia ni kwa ajili ya joto.

Sasa unasema niwaulize wanataka nini. Sawa. Wakisema wanataka kubaki, nani anakwenda huko kila jioni? Hilo hukuliandika. Umeandika tarumbeta.

Vyumba vimekamilika. Wifi yako ameshona mapazia. Mwenye duka la dawa nimeshampa neno langu na ameshaleta fundi kupima sehemu ya rafu. Mama alimkaribisha fundi maji ya kunywa, Baba akamshikia ncha ya tepu. Watu wasiotaka kuhama wanamshikia fundi tepu?

Mdogo wako


8 Juni

Mdogo wangu,

Wasalimu wote. Mchoraji mwambie shangazi yake amehamishwa meza na picha zimehama naye.

Nimekitoa kipindi cha Mama na Baba. Hakitarushwa. Kuna kanuni kwamba mtengenezaji akiwa na ndugu yake ndani ya kipindi anaweza kukizuia mpaka dakika ya mwisho, na kanuni hiyo Profesa aliiandika mwenyewe, nadhani akimfikiria mama yake. Nilimpelekea karatasi mezani. Aliisoma, akaikunja, akaikunjua.

"Hiki ndicho kipindi," akasema. "Vile vingine vyote ni mazoezi."

Nikamwambia najua. Akaniuliza kama nimewaza watu wangapi wangejiona humo. Nikamwambia hilo nalo najua. Hakupandisha sauti, na ningependa angepandisha. Alasiri nikaambiwa kipindi kimepata mtayarishaji mwingine na mimi nahitajika kwenye hali ya hewa. Sasa nasoma ramani za mawingu. Mawingu hayasemi kama mwenzangu anataka.

Nitakueleza kwa nini, kadiri ninavyoweza bila kukuambia nisichotaka kukuambia. Fikiria ni Julai. Watu wawili wamekaa kwenye vile vyumba vya nyuma, mapazia mapya, nyumba imeshakwenda kwa mwenye duka la dawa. Wanawasha televisheni kujitazama. Kila mmoja anamsikia mwenzake akisema kwa mara ya kwanza anachotaka. Na majirani nao wanatazama. Sentensi hiyo sitaimaliza.

Sasa barua yako. Nimeisoma zaidi ya mara moja. Nimeona ngazi, gesi, madirisha, watoto waliolala. Neno "nimechoka" sikuliona popote, na neno "nataka" sikuliona popote, na yote mawili nimeyasikia kila mstari. Anayetaka nyumba iuzwe ni wewe. Si dhambi. Mtu anayevuka mji kila jioni ana haki ya kutaka. Lakini umewaambia wazee ni matakwa yao, na mimi umeniambia ni matakwa yao, na labda umeshaanza kuamini. Kaa nao uwaambie wewe unataka nini. Baada ya hapo, wakikubali kuuza, nitakuja kutia saini kama shahidi na sitasema neno.

Kuhusu nani atakwenda kila jioni, tutaona.

Dada yako


24 Juni

Dada,

Salamu kutoka kwa wote, na kwa wote nina maana wote, kwa sababu leo wamenikalia kooni niandike. Mama anasema ule. Baba anasema hali ya hewa ni kazi ya heshima. Wifi yako anasema nikuambie mapazia hayajapotea.

Barua yako ilinikasirisha nikaiweka mbali. Nikaichukua tena Jumapili nikaenda nayo mfukoni. Wazee walikuwa mezani. Mama aliponiona akainuka kwenda jikoni, ndivyo anavyofanya ili niwe na nafasi ya kuwauliza mmoja mmoja. Nikamwambia akae. Sijawahi kumwambia mama yangu akae. Alikaa.

Nilikuwa nimepanga kuuliza. Badala yake nikasema nimechoka. Nikasikia sauti yangu, nikadhani ni ya mtu mwingine ameingia. Nikasema mimi ndiye ninayetaka mhame. Si Baba, si Mama, ni mimi, kwa sababu ya ngazi, na gesi, na kuvuka mji.

Baba alimtazama Mama, Mama akatazama ukuta. Kisha Mama akanigeukia. "Mwambie baba yako..."

"Simwambii," nikasema. "Yuko hapo."

Dada, ungemwona. Alifungua mdomo akafunga, kama gari lenye betri mbovu. Baba naye kakaa na mikono juu ya magoti kama yuko kwa daktari. Halafu Mama akageuza kiti chake, alikigeuza chote, akamwangalia.

"Wewe unataka kuhama?"

Baba akasema alidhani magoti yake Mama yameshindwa na ngazi na kwamba anaona haya kusema. Mama akasema magoti yake yamepanda ngazi za watu usiku na mchana kwa kazi na hayajamwomba mtu likizo. Yeye alikubali kwa sababu aliamini Baba anaogopa kuanguka tena. Baba akasema kuogopa anaogopa, hilo hakatai, lakini anaogopa zaidi kuzeeka akisikiliza friji za watu zikinguruma ukutani. Alipokumbuka friji ni zangu akaniomba radhi. Nilicheka peke yangu kwa muda, wao wakinitazama.

Mama akasema, "Basi tusiuze."

Baba akaanza, "Kama wewe un..." Akajikata mwenyewe. Akavuta pumzi. "Tusiuze."

Kwa hiyo hawauzi. Nilikwenda kwa mwenye duka la dawa siku hiyohiyo nikabeba aibu yangu mwenyewe. Hajanitukana, ila sasa wifi yako akienda kununua dawa anawekewa juu ya kaunta bila salamu. Kitanda cha wazee tumekishusha kwenye chumba alichokuwa anachapia Baba. Bado kinanuka wino. Mama anasema harufu hiyo ameolewa nayo. Jiko la gesi nimeliondoa, nimewawekea la umeme linalojizima. Hilo ningelifanya mwezi wa kwanza kama nisingekuwa nakimbilia kuwahamisha.

Wakati naondoka Baba alinisindikiza mpaka mlangoni. Akasema kila jioni nilipofika nimenuna walidhani kuna neno wamenikosea, wakawa wanajiuliza ni lipi. Kumbe nilikuwa nimechoka tu. Ningesema.

Sijalala vizuri tangu hapo, na si kwa furaha. Vile vyumba viko nyuma yangu ninapoandika hii. Nilivipaka rangi mwenyewe, sakafu niliipiga kwa mkono, na hakuna aliyevitaka. Wifi yako anasema tupangishe. Bado sijaweza kuingia humo.

Sasa wewe. Wazee hawapandi ngazi tena, lakini bado jioni kuna mtu anahitajika, na mimi sitakwenda kila siku. Jirani mmoja amekubali siku kadhaa. Nataka wewe uje wiki ya mwisho ya kila mwezi, ulale huko, si uje na gari la kazi. Nimesema nataka. Nimelijaribu hilo neno kwa wazee na sikufa, nalijaribu kwako. Kazi ya mawingu nadhani inaruhusu, na kama hairuhusu niambie hairuhusu.

Jibu ndiyo au hapana. Ukiniandikia "tutaona" nitairudisha barua ilikotoka.

Mdogo wako


1 Julai

Mdogo wangu,

Wasalimu, na pole ya vyumba; hiyo nitakupa nikiwa nimesimama ndani yake, si kwa barua.

Nimebadilishana zamu na mwenzangu wa mawingu. Kila mwezi nitafika Ijumaa ya mwisho kwa basi la asubuhi na kurudi Ijumaa inayofuata. Nimeshawapigia Mama na Baba. Walishika simu wote wawili, wakawa wanakatizana, sikuelewa nusu ya walichosema.

Jibu lako ni ndiyo. Sipendi. Sipendi kuacha kazi kila mwezi, sipendi kile chumba cha juu, sipendi kulala nikisikia watu wananyatia huko chini ili wasiniamshe. Ningeweza kukaa maisha yangu yote bila kurudi na nisijute sana. Lakini ni ndiyo, na nitakuja. Nimekuandikia yote mawili ili usije ukakisia.

Dada yako